Abaki au Atoke

Kabla fundi hajashika bisibisi siku ile, hukumu za Jaji Tabasamu zilikuwa maneno tu. Watu walizicheka, wakazima simu, wakaenda kuoga. Fundi ndiye aliyezitia skrubu. Na sasa, miezi saba baadaye, zamu ilikuwa imeifikia nyumba ya binti yake. Ijumaa inayokuja watu asiowajua hata mmoja wangeamua kama mkwewe aendelee kulala kwake au atolewe.

Habari ilimkuta Jumatatu mchana kibandani kwake, akichonga ufunguo kwa tupa. Aliyeileta alikuwa mkewe, mpishi wa shule, bado amejifunga aproni ya kazini.

"Baba watoto, umeona?"

"Nimeona nini? Mimi hapa naona chuma."

"Mwanao yuko kwenye tangazo la Jaji. Yeye na mumewe, picha mbili, katikati wamechora radi."

"Radi ya nini?"

"Ya kuchora, mume wangu. Inamulika mulika. Hebu shika uone."

Fundi akafuta mikono kwenye suruali, akashika simu. Upande mmoja binti yake alikuwa ameshika shavu kama mtu mwenye jino bovu. Upande wa pili alikuwa mkwewe, fundi wa kuchomelea, amenaswa akitafuna, shavu limejaa, jicho moja limefumba. Hakuna binadamu anayependeza akitafuna, hata mfalme. Chini yake waliandika kwa herufi nyekundu: ANAKULA, ANALALA, HASEMI. ABAKI AU ATOKE?

"Nani alimpiga picha hii?" fundi akauliza.

"Kwani mezani kwao wanakaa wangapi?" mkewe akajibu.

Fundi alirudisha simu. Alishika tupa tena, lakini ufunguo uleule aliokuwa akiuchonga aliukata meno hadi ukaharibika, jambo ambalo halikuwa limemtokea tangu akiwa mwanafunzi wa kazi.

Turudi nyuma kidogo. Kipindi kinaitwa Amueni Wenyewe. Kila Ijumaa saa kumi na moja jioni Jaji Tabasamu hukaa nyuma ya meza nyekundu, ndani ya simu yako, akakuletea ugomvi wa watu. Si jaji huyo. Alikuwa mshereheshaji wa harusi, na harusi ndizo zilizomfundisha kucheka huku meno yote yako kazini, hata mtu akilia mbele yake. Mlalamikaji anaeleza. Vipande vya video vinaonyeshwa. Kisha watazamaji wanabonyeza, kijani Abaki, nyekundu Atoke, na namba zinapanda mbele ya macho yako kama maji kwenye ndoo.

Mwanzoni kilikuwa kichekesho. Mume anayekoroma. Mke anayeficha rimoti. Mtu aliambiwa Atoke, akacheka, akaondoka na mwenzake wamepakizana pikipiki moja. Fundi mwenyewe alikuwa akikitazama akiwa amekunja miguu kitini, akisema, "Watu hawana kazi."

Halafu akaja muuguzi mmoja. Mume wake alikuwa msimamizi wa ghala, na kosa lake ni kwamba katika miaka tisa ya ndoa hakuwahi kumsifia nguo. Asilimia sabini na mbili wakasema Atoke. Kesho yake asubuhi muuguzi akampigia fundi. "Njoo unibadilishie kitasa."

Fundi aliacha shule darasa la tano. Alichokijua alifundishwa na mzee mmoja mwenye jicho moja, aliyemwambia neno moja kubwa kuliko yote: nyumba ya watu wawili, usiguse kitasa mpaka wote wawili wawe wamesimama mlangoni. Mmoja akikosekana, kunja mfuko wako urudi ulikotoka. Wewe hubadilishi chuma, alisema yule mzee, unabadilisha makubaliano. Miaka ishirini na sita fundi alilishika hilo. Alifukuzwa kwenye nyumba za watu kwa sababu yake, alitukanwa, aliitwa mzee wa maswali. Hakulegea.

Siku ile alipofika kwa muuguzi alikuta ua umejaa majirani, simu juu.

"Mwenzako yuko wapi?" akauliza, kama alivyozoea.

Ua mzima ukaangua kicheko. Mtu mmoja akasema, "Fundi, wewe unaishi pangoni? Ameshatolewa! Nchi nzima imeona!"

Alikuwa karibu akunje mfuko. Ukweli usemwe, mkono wake ulikuwa tayari uko kwenye zipu. Lakini msichana mmoja akamsogezea simu usoni, karibu na pua, akasema, "Fundi, sema kitu, uko hewani!" Mtu ambaye hajawahi kuulizwa kitu na yeyote isipokuwa bei, ghafla ameambiwa aseme, na watu hamsini wamenyamaza kumsikiliza. Fundi akasikia mdomo wake ukisema, "Ufunguo bila mlango ni chuma tu."

Wakapiga makofi. Na makofi ni pombe. Akatoa bisibisi, akafungua skrubu nne, akachomoa kitasa cha zamani, akatia kipya. Dakika kumi na mbili. Kufikia jioni neno lake lilikuwa mlio wa simu za watu. Watoto walilisema wakifungiana vyooni. Hata jina lake la miaka hamsini lilipotea. Akawa Chuma Tu.

Kwenye video hiyo, ukiitazama hadi mwisho, msimamizi wa ghala anarudi kutoka kazini. Anatia ufunguo. Haugeuki. Anautoa, anaufuta kwenye shati, anatia tena. Watu wanacheka. Anatia mara ya tatu. Fundi aliitazama video hiyo mara nyingi, lakini kila mara aliikatisha hapo.

Baada ya siku hiyo hukumu haikuwa maneno tena. Ijumaa inaamuliwa, Jumamosi simu ya fundi inaita. Kipindi kikaanza kumchukua kwa gari. Kikarekodi sauti ya drili yake, kikaifanya mlio wa kutangazia matokeo: drrrr, kisha namba. Wiki tatu za kwanza fundi alitembea kifua mbele.

Wiki ya nne yule msimamizi wa ghala alikuja kibandani. Alikuwa amekonda, lakini shati limepigwa pasi. Akasimama mpaka wateja wakaisha.

"Sikuja kugombana, fundi," akasema. "Nataka kuuliza kitu kimoja. Ulipofika pale, uliuliza niko wapi?"

"Niliuliza."

"Wakasemaje?"

Fundi akatazama jiliwa yake ya kubania funguo. "Walicheka."

Yule mtu akatikisa kichwa polepole, kama mgonjwa aliyesomewa majibu aliyokuwa akiyajua. "Basi," akasema, akaenda zake. Fundi hakumwona tena, wala hakusikia mtu akimtaja. Ndivyo ilivyokuwa kwa wote waliotolewa. Ungefikiri wangelala kwa ndugu, wangeshtaki, wangevunja mlango. Hapana. Walitembea kidogo mtaani wakiwa na begi, watu wakawapungia mkono kama watu maarufu, kisha hawakuonekana.

Na mji ukaanza kubadilika sauti. Zamani watu waligombana kwa kunong'ona, dirisha limefungwa, aibu. Sasa mke na mume waligombana wakitazama dirishani, kwa sentensi zilizonyooka, na mwishoni wananyamaza kidogo, mkono kifuani, kama kuna mtu anahesabu. Mabinamu waligombea shamba, wakaacha wajomba wamekaa kwenye mkeka wakisubiri kuitwa, wakaenda kwa Jaji. Shangazi yake fundi, mwanamke aliyewahi kusuluhisha ndoa arobaini kwa kukaa tu sebuleni mwa watu siku tatu mpaka wachoke naye, alimwambia, "Siku hizi wananiita pia, mwanangu. Wananiita nije nilie. Nikifika nataka kuuliza chanzo, wananiambia shangazi, chanzo tunacho, wewe lia."

Kwa fundi mwenyewe mambo yaligeuka mzaha wa kuumiza meno. Siku moja alisema chakula kimezidi chumvi.

"Sema kwa sauti," mkewe akamwambia. "Majirani wakurekodi vizuri."

Wakacheka wote wawili. Halafu wakaacha kucheka kwa wakati mmoja, na fundi akamaliza sahani yake yote na chumvi yake.

Sasa ndiyo ikaja Jumatatu hii ya tangazo. Jioni yake fundi alikwenda saluni anakofanya kazi binti yake. Alimkuta anasuka, na simu imesimamishwa mbele ya kioo, kwa hiyo zilionekana simu mbili.

"Baba! Umeniona?" akasema kwa furaha. "Watu elfu tisini wameshatazama tangazo tu."

"Mumeo amekukosea nini?"

"Hajanikosea. Ndiyo shida yenyewe. Baba, yule mtu ana maneno matatu kwa siku. Nimerudi. Ahsante. Nimechoka. Nikitoa hesabu ya mwaka mzima hayajazi ukurasa."

"Mimi na mama yako tuna maneno mangapi?"

"Ninyi mnatukanana, ni tofauti. Ninyi mnaongea."

Mteja aliyekuwa akisukwa akacheka mpaka kichwa kikayumba. Binti akamshika kichwa akakinyoosha, akaendelea, "Baba, ni mchezo. Watu watasema Abaki. Nani atamtoa mtu mpole vile? Wakisema Abaki tunapelekwa hotelini siku mbili, na yeye atakuwa amesikia uchungu wangu mbele za watu. Atashtuka. Ataongea."

"Na wakisema Atoke?"

"Hawawezi."

"Mwanangu, itoe hiyo kesi."

Hapo binti aliacha kusuka. Alimtazama babake kupitia kioo, si uso kwa uso. "Wewe ndiye wa kusema hivyo? Wewe uko kwenye mlio wa kipindi, baba. Nikienda sokoni wananiuliza, wewe si mtoto wa Chuma Tu? Naona fahari. Wewe ulipanda mlimani, mimi nikipanda unaniambia kuna baridi."

Fundi akageuka, akatoka. Mtu aliyeuza kamba hamwambii mnunuzi asijinyonge.

Jumatano alikwenda kwa Jaji mwenyewe. Alitegemea jumba la vioo. Alikuta chumba cha kupanga juu ya duka la magodoro, ukutani wamebandika trei za mayai ili sauti isirudi, na ile meza nyekundu, ukiikaribia, ilikuwa mlango wa zamani uliopakwa rangi na kulazwa juu ya matofali. Fundi aliona mahali kilipokuwa kitasa; wameziba kwa gundi na unga wa mbao. Jaji alikuwa amekaa pembeni, miguu ndani ya beseni la maji ya moto, na uso wake bila tabasamu ulikuwa uso wa mtu yeyote, kiasi kwamba fundi alimuuliza Jaji yuko wapi.

"Ndiye mimi, mzee. Karibu, kaa juu ya ndoo hiyo."

Fundi alisema aliyoyajia. Mtoe binti yangu kwenye orodha. Chukua mwingine.

"Mwingine naye ni binti wa mtu," Jaji akasema kwa upole. "Mzee wangu, mimi simtoi mtu. Mimi nahesabu tu. Vidole si vyangu. Ukiniondolea hii kesi, Ijumaa watu laki mbili wataniuliza iko wapi, halafu wataniamua mimi. Unafikiri mimi siogopi? Mke wangu simwambii hata chai imepoa."

"Basi acha kipindi."

"Kwani wewe mbona hukuacha?" Jaji akatoa mguu mmoja majini, akaufuta. "Miezi minne nilipiga kelele hapa, Atoke, Atoke, hakutoka hata kuku. Nilikuwa nakaribia kurudi harusini. Wewe ndiye uliyeshika bisibisi. Mimi ni mdomo. Wewe ndiye mkono."

Aliyasema bila ubaya, kama mtu anayemshukuru mwenzake. Fundi akashuka ngazi na maneno hayo, yakamzunguka kichwani njia nzima, na kabla hajafika nyumbani yalikuwa yamegeuka kuwa matumaini. Kama yeye ndiye mkono, basi mkono ukikataa, mdomo umebaki mdomo. Asipofika, watamleta fundi mwingine. Vijana wa drili wako wengi, na wote wanataka kuwa Chuma Tu. Lakini akifika, akikubali kuchukuliwa na gari lao, akasimama pale mlangoni mbele ya simu zote kisha akakataa, ni nani atathubutu kushika bisibisi wakati bwana wa bisibisi ameiweka chini? Akampigia Jaji palepale barabarani. "Nitakuja Ijumaa. Msilete mtu mwingine."

Alipomweleza mkewe, mkewe alikuwa anapepeta mchele wa kesho. Hakuinua kichwa.

"Unafikiri ni kitasa kinachowatoa?"

"Ni nini kingine?"

"Sijui," akasema. "Lakini nenda. Usipokwenda hutalala."

Alhamisi alipita karakana ya mkwewe. Kijana alikuwa amepiga magoti anachomelea geti, cheche zinaruka, simu yake imeegemezwa kwenye mtungi wa gesi kama kawaida ya mafundi wote. Alipomwona baba mkwe akazima, akainua kinyago, akasimama kwa heshima, mikono nyuma.

"Shikamoo baba."

"Marahaba. Umeona tangazo?"

"Nimeona."

"Umekasirika?"

Kijana akafikiri. Alikuwa mtu wa kufikiri hata akiulizwa saa. "Picha si nzuri," akasema.

"Sikiliza. Kesho watakachosema, wewe rudi nyumbani kama siku zote. Mlango utakuwa wazi. Nimekwambia mimi. Ufunguo wako utafungua."

"Ahsante, baba," kijana akasema, akashusha kinyago.

Ijumaa ikafika. Nyumba ya binti ilikuwa moja kati ya nyumba nne za kupanga zilizoshikana, mlango wa bluu, ngazi mbili za saruji. Saa kumi na nusu ua ulikuwa hauna pa kuweka mguu. Watu walikuja na viti vyao. Mwenye duka la jirani alifunga duka. Walikuwa watu wa kawaida, na hilo ndilo lililomtisha fundi: alimwona fundi cherehani aliyemshonea mwanawe sare za shule, alimwona dereva wa gari la wagonjwa, alimwona mwalimu. Walimsalimia vizuri. "Mzee Chuma Tu, leo ni nyumbani nyumbani!" Msichana wa kipindi alisimamisha taa kwenye mguu wa chuma na kuielekeza mlangoni, ingawa jua lilikuwa bado lipo.

Binti alikaa kwenye ngazi, amepambwa, anaongea na Jaji kwenye simu. Alieleza vizuri mno. Alinyamaza panapotakiwa. Wakaonyesha video: yeye analia, mumewe anakula. Alilia kweli siku ile, lakini video haikuonyesha kwamba alilia akiwa jikoni na mume akala sebuleni; walivikata vipande wakaviweka bega kwa bega. Fundi alijua, kwa sababu alikijua kiti kile na alijua kuna ukuta katikati. Akafungua mdomo. Ikalia drili yake. Drrrr.

Namba zikapanda. Ua wote ukainamisha vichwa, kila mtu anabonyeza, hakuna anayeongea, na kwa nusu dakika fundi alisikia kitu alichokuwa hajawahi kukisikia katika mkusanyiko wa watu mia mbili: kunguru akitembea juu ya bati.

Atoke, asilimia themanini na moja.

Binti akacheka. Akatazama huku na huku akitafuta wa kucheka naye. "Haya," akasema, "mmenitisha kweli. Basi, mchezo umekwisha, jamani, nendeni mkale."

Hakuna aliyenyanyuka kitini.

"Fundi wetu yuko wapi?" sauti ya Jaji ikatoka kwenye simu mia mbili, kila moja imechelewa kidogo nyuma ya mwenzake. "Chuma Tu! Nchi inakusubiri!"

"Chuma tu! Chuma tu!" ua ukaitika.

Fundi akapanda ngazi mbili. Akageuka. Akafungua zipu ya mfuko wake, akaupindua juu chini. Kikaanguka kitambaa cha kufutia mikono. Basi.

"Leo sibadilishi," akasema. Akarudia kwa nguvu. "Sibadilishi. Kitasa ni kilekile, nilikitia mwenyewe siku ya harusi yao. Mlango huu hapa." Akausukuma ukafunguka hadi ukutani, watu wakaona kochi, feni, kalenda. "Anayetaka kumtoa mkwe wangu amtoe kwa mikono yake. Aje mbele, tumwone sura. Wewe? Dereva, wewe? Mwalimu?"

Dereva alitazama viatu vyake. Mwalimu alishusha simu. Hata fundi cherehani, mwanamke asiyejua kunyamaza, alinyamaza. Binti alimshika babake mkono, akanong'ona, "Ahsante, baba. Ahsante. Mimi sikujua." Na fundi akaona kuwa ameshinda. Hakuna aliyesogea. Walikuwa watu tu, na vidole vyao, na bila yeye vidole vile visingeweza kugeuza hata skrubu moja.

Jaji hakukasirika. Alitabasamu kwenye simu zote. "Sawa, mzee wetu. Tusubiri mume mwenyewe arudi."

Wakasubiri. Hazikupita dakika ishirini, watu wa nyuma wakaanza kuachana, wakatengeneza njia, na mkwe akaingia akisukuma baiskeli, ovaroli imetoboka kwa cheche. Akaiegemeza ukutani mahali pake. Akasimama chini ya ngazi.

"Shikamoo baba."

"Marahaba. Ingia, mwanangu. Ni kwako. Uliona? Mlango wazi. Hakuna aliyeugusa."

Kijana akautazama mlango. Aliutazama kwa muda, jinsi anavyotazama kazi kabla hajaikata. Hakunyanyua mguu.

"Wamesema nitoke, baba."

"Hawa? Hawa hawawezi kukufanya kitu! Nimewauliza mmoja mmoja. Hakuna mwenye mkono!"

"Najua." Akavua kofia. "Lakini mimi nimetoa watu kumi na tisa."

Fundi hakuelewa. Kijana akaeleza, na fundi hakuwahi kumsikia akisema maneno mengi kiasi kile, wala binti hakuwahi. "Kila Ijumaa, karakanani, navua glavu nabonyeza. Nawakumbuka wote. Yule mwalimu wa kike. Yule mama wa duka la dawa. Yule wa ghala alikuwa wa kwanza wangu. Sikuwa nawajua, lakini nilibonyeza, na wakatoka. Kumi na tisa, baba. Nikiingia mimi humo ndani, wao walitoka kwa ajili ya nini?"

"Walionewa!" fundi akapiga kelele. "Mimi niliwaonea! Ingia ndani!"

"Basi na mimi niliwaonea," kijana akasema. Akachomoa ufunguo kwenye pete, akapanda ngazi ya kwanza, akampa mkewe kwa mikono miwili. Hakupanda ya pili.

"Nilitaka uniambie neno tu!" binti akalia. Rangi za macho zilikuwa zinamtiririka hadi shingoni. "Neno moja! Lolote!"

"Nilikuwa nikirudi nakukuta upo," akasema. "Sikujua kuna kingine cha kusema."

Akashuka. Akachukua baiskeli. Watu wakampisha kwa adabu kabisa, mmoja akamshikilia geti, mwingine akampigapiga bega. Simu zilimfuata hadi barabarani, zikamfuata hadi kona, na kona ikammeza.

Binti alitaka kumkimbilia. Wanawake wawili wakamshika, bila nguvu, kama wanavyomshika mfiwa. "Tulia, dada," mmoja akamwambia, na alikuwa akimwonea huruma kweli, alikuwa na machozi. "Tulia, umeshinda. Umeshinda, mpenzi wangu." Mwingine alimfuta rangi shavuni kwa kidole gumba. Msichana wa kipindi akasema asifutwe, aachwe vilevile, hapohapo alipo.

Fundi alibaki juu ya ngazi, mgongo kwenye nyumba iliyo wazi, mikono imening'inia. Alitaka kusema kitu. Alitafuta watu wa kuwaambia, lakini ua wote ulikuwa unamtazama binti yake, na taa ilikuwa imegeuzwa.

"Mzee," yule msichana akasema, bila kumtazama, jicho kwenye simu. "Sogea kidogo. Unaziba."